Tundu la Mjinga

Kabla ya kiti, kabla ya chai, nilikabidhiwa bastola. Hivyo ndivyo nilivyoanza kazi Doha, na ninyi vijana mnaonisumbua kila siku niwaeleze kazi za Uarabuni zilikuwaje, anzieni hapo.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Nimetoka uwanja wa ndege na begi langu la turubai, jasho limenigandisha shati mgongoni, nikaingizwa majlisini, chumba cha kupokelea wageni wanaume. Tajiri yangu alikuwa amekaa chini, ameegemea mto. Watu wote wa nyumba ile tulimwita Baba. Akaingiza mkono mfukoni mwa kanzu, akatoa kitu cheusi kinachojaa kiganja tu, akanipa. 

Nikaelekeza mtutu kwenye kona isiyo na mtu. Nikasukuma kitasa kwa kidole gumba, nikafungua silinda, nikasukuma ule msumari wa mbele, risasi tano zikaniangukia kiganjani. Nikamrudishia silaha ikiwa wazi, risasi katika mkono mwingine.

"Marhaba, Mbwana," akasema. "Sasa kaa, unywe chai."

Shule niliishia darasa la tatu. Sioni haya kulisema, kwa sababu waliomaliza wanakuja leo kuniuliza mimi. Kazi ya silaha niliipata porini, katika kampuni ya uwindaji wa wageni, nikiwa mbeba bunduki. Aliyenifundisha tulimwita Mkuu wa Ghala, askari mstaafu, jicho moja jekundu. Kila asubuhi alitupa bunduki aliyoisafisha yeye mwenyewe, na ole wako uipokee bila kuifungua. "Silaha haina rafiki," alikuwa akisema. "Hata mkeo akikupa, ifungue kwanza." Siku moja aliniweka juani tangu chai hadi chakula cha mchana kwa sababu nilimwamini. Baba alikuwa mmoja wa wageni wetu. Misimu mitatu alinitazama, msimu wa nne akaniuliza kama nataka kazi kwake.

Nyumbani kwake kulikuwa na bunduki nne za kuwindia na ile rivolva moja. Zote alikuwa na kibali chake. Mimi nilikuwa mtunzaji: nasafisha, natia mafuta, natayarisha. Wengi mnachanganya, kwa hiyo nieleze. Bastola ya kawaida risasi zake hukaa katika kitako, ndani ya magazini. Rivolva risasi zake hukaa katika silinda, dude la mviringo lenye matundu, na ukivuta kifyatulio silinda huzunguka kwanza, ikaleta tundu linalofuata mbele ya nyundo, ndipo nyundo ikapiga. Shikeni hilo neno, tundu linalofuata. Lililoko mbele ya nyundo sasa hivi silo litakalolia.

Ya Baba ilikuwa na matundu matano na mtutu usiozidi kidole cha kati. Nyundo yake imefichwa ndani isinase kwenye nguo, maana ni silaha ya kubeba mfukoni bila mtu kujua. Ni ndogo, ni nyepesi, na kwa sababu hiyo ni ngumu kupiga nayo. Kifyatulio chake kizito, na inarusha mkono kama punda anayekataa mzigo. Baba alikuwa akifanya mazoezi kwenye uwanja wa shabaha, na pale mwalimu alikuwa Rakibu, yaani sajini, mstaafu wa jeshi. Siku moja uwanja uko mtupu, Baba akamwomba aniruhusu nipige tano. Hatua saba tu. Nikapiga mbili, zote zikaingia udongoni.

"Unaipigia makofi?" Rakibu akaniuliza. "Kamua. Hujawahi kukamua mbuzi? Kamua chuchu, usiivute."

Kukamua mbuzi ndiko nilikokulia. Tatu zilizobaki zikaingia karatasini, mbili zinagusana. Rakibu akamwambia Baba, "Huyu mzee wako ni hatari." Mpaka leo nikilikumbuka neno hilo kifua kinajaa.

Sasa niwaeleze mambo mawili niliyoyaleta mimi katika nyumba ile, kwa akili yangu, bila kufundishwa.

La kwanza ni kibao. Kwa kuwa kuandika kwangu ni kwa shida, sikutaka daftari. Nilichukua kipande cha mbao, nikatoboa matundu ishirini, kila risasi ya kubeba ikawa na nyumba yake. Unafungua kabati, unatupa jicho, basi. Daftari hudanganya, kalamu ni ya yeyote aliyeishika. Tundu lililo wazi halidanganyi.

La pili nililiita tundu la mjinga. Baba alikuwa na tabia ya kuvua kanzu na kuiacha juu ya godoro la majlisini, silaha imo mfukoni, na wajukuu wa kaka yake wanaruka humo kama panzi. Nikamwambia, tutie risasi nne, na tundu moja liwe wazi. Tena si lolote, ni lile linalofuata. Mjinga akiishika na kuvuta, mvuto wa kwanza utalia "ta!" tu, tupu, na sisi tutakuwa tumeshasikia. Kila kiwanda silinda yake ina upande wake wa kuzunguka, ya kwetu ilizunguka kushoto, nami nikaipanga hivyo kwa mkono wangu kila mara. Baba alifurahi sana. Akawasimulia wageni wake.

Nami nikaongeza langu. Mimi ni mtu wa kushuku, siwafichi. Zuhura, mpishi wetu kutoka Unguja, alikuwa akinicheka: "Mbwana, wewe hata chumvi yangu unainusa kwanza." Nilitaka kujua kama kuna mtu ameichezea ile silinda. Basi niliweka debe la samli limejaa mchanga kwenye kona ya majlisi. Baba akirudi na kunipa silaha, naielekeza debeni, navuta mara moja. Ikilia "ta!" najua tundu langu liko pale pale, hakuna aliyeigusa. Ndipo nafungua na kutoa risasi nne.

Miaka sita nilifanya hivyo. Miaka sita ilisema "ta!"

Dereva wetu alikuwa Mkenya, Wekesa, kijana wa Bungoma. Alipofika mara ya kwanza alinisalimia "Niaje, mzae," nikamwambia, sikiliza wewe, kwetu mkubwa huamkiwa. Akacheka, lakini tangu siku ile kila asubuhi, hata akiwa na haraka, alishusha kioo cha gari: "Shikamoo, Mzee Mbwana." Nami naitika marahaba. Maneno ya kwao hakuyaacha, lakini shikamoo yangu aliitoa kama mtu anayelipa kodi, kwa wakati.

Ukafika mwaka niliougua mafua mabaya, homa inanitetemesha, na nje jua linakaanga lami. Ilikuwa siku ya mazoezi. Nilimpa Wekesa ufunguo wa kabati. Ufunguo ule haukuwahi kutoka kiunoni mwangu, sielewi mpaka leo homa ilinilevya vipi. Nikamwambia, chukua kibao, mpeleke Baba uwanjani, kisha kibao ukirudishe. Mazoezini Baba alitumia risasi za pale pale uwanjani, kibao kilikuwa cha zile za kubeba tu. Walizitoa risasi zetu nne katika silaha, wakazirudisha kibaoni, Baba akapiga mazoezi yake, mwisho silaha ikajazwa tena kutoka kibaoni. Kutoka pale Baba akaondoka na gari la kaka yake kwenda shambani kaskazini. Wekesa akarudi peke yake.

Akaniletea kibao kitandani. "Shikamoo, mzee. Mzigo wako huu. Pole na hiyo homa."

Nikatupa jicho. Matundu matano yako wazi.

Nikahesabu kwa kidole. Matano. Silaha hubeba nne. Risasi moja haipo.

Nilisema tu ahsante, nikajifunika shuka, na homa ikaisha hapo hapo, naapa. Ninyi hamwezi kujua risasi moja katika nchi ile ina maana gani. Ikiokotwa mahali, ikikutwa kwa mtu, hawatauliza ni ya dereva au ya mpishi. Watauliza nani mtunzaji. Na mtunzaji ni mimi, mgeni, nimeishia darasa la tatu, jina langu liko katika karatasi za Baba. Nilijiona nimekaa mahabusu nisikojua nitatoka lini. Na mwenye ufunguo alikuwa nani? Nani alirudi peke yake na kibao?

Siku ya pili, Wekesa anaosha gari, niliingia chumbani kwake. Nilipapasa godoro, nikageuza viatu, nikafungua mfuko wa unga wa sima aliokuwa ameuficha kama dhahabu, nikaingiza mkono hadi kiwikoni. Sikupata kitu. Mtu mwingine angesema, basi hana. Mimi nilisema, basi ameshaitoa.

Ijumaa baada ya swala alivaa shati la pasi akatoka. Nikamfuata. Alipanda basi, nami nikapanda mlango wa nyuma, kofia nimeishusha hadi kwenye nyusi. Akashuka mtaa wa Al Mansoura, akaingia kwa kinyozi, akakaa na Wakenya wenzake na Mganda mmoja mlinzi. Nilisimama ng'ambo, mbele ya duka la simu, nikanunua juisi nisiyoitaka. Nikamwona akitoa kitu mfukoni, akampa yule Mganda, kimefungwa karatasi. Kidogo. Moyo ukaniambia, ndiyo hiyo. Kutoka pale akaenda kwa miguu hadi mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, akala wali, akarudi nyumbani anapiga mluzi.

Jioni nilimweleza Zuhura. Alikuwa anachambua mchele. Hakuinua uso.

"Umeona risasi?"

"Nimeona karatasi."

"Basi useme umeona karatasi." Akatupa kokoto moja kando. "Na Baba umemuuliza?"

"Nimuulize nini? Baba anabeba nne. Kila mtu anajua anabeba nne."

"Haya. Lakini Mbwana, utamla mtu nyama mbichi wewe."

Baba alirudi Jumapili, saa tano asubuhi. Kabla hajanawa uso nilikuwa mbele yake. Nikamwonyesha kibao. Nikamweleza ufunguo, kurudi peke yake, kinyozi, karatasi. Niliyasema vizuri, kwa mpangilio, mtu angedhani nimesomea. Baba alisikiliza, uso unamkauka. Hakuuliza swali hata moja. Naye alijua anabeba nne.

Akamwita Wekesa. Pasi yake ya kusafiria ikatolewa kabatini, ikawekwa juu ya meza ndogo, kando ya birika la kahawa.

"Iko wapi?" Baba akauliza kwa Kiarabu.

"Nini, Baba?"

"Risasi."

Wekesa akanitazama mimi, si Baba. "Mzee, ni nini hii unanifanyia?"

"Karatasi uliyompa yule Mganda ilikuwa na nini?" nikamuuliza.

Akashangaa. "Ulinifuata? Mzee mzima, ukanifuata kwa basi? Ilikuwa dawa ya jino! Jamaa amefura shavu kama amemeza embe. Mpigie simu sasa hivi." Sauti ikaanza kumkatika. "Mimi niko na watoto wawili shule, mzee. Risasi ningeifanyia nini? Niitie kwa ugali?"

"Utakwenda kwenu," Baba akasema. "Kesho. Na ukiwa na bahati, utakwenda kwenu tu." Mkono wake ukaingia mfukoni mwa kanzu, akaitoa rivolva, akanipa. Alikuwa mtu mwenye busara, hakutaka silaha mwilini wakati damu imechemka. "Khalas. Mbwana, iweke mahali pake."

Nikaipokea. Nikageukia kona. Nikaielekeza debeni. Nikavuta mara moja, kama miaka yote sita.

Haikusema "ta."

Ndani ya chumba chenye mazulia, mlio ule haukuwa mlio, ulikuwa kofi. Mchanga uliruka mpaka darini. Birika la kahawa likapinduka. Masikio yakanilia nzi, mkono umekufa ganzi, na nikamwona Wekesa amesimama hatua mbili kutoka kwenye debe, mikono kichwani, macho amefumba. Hakuna aliyeumia. Mchanga uliimeza risasi. Lakini hatua mbili, ndugu zangu. Kama siku ile debe lingekuwa limehamishwa kwa ajili ya kufagia, nisingekuwa nawasimulia haya.

Zuhura alikuwa mlangoni. Wekesa akafumbua macho, akajipangusa mchanga kwenye suruali, polepole, mguu mmoja kisha wa pili. Akasema:

"Mzae, si uhesabu sasa."

Nikafungua silinda. Ganda moja lililopigwa, na risasi nne nzima. Tano. Ile ya tano ilikuwa mfukoni mwa Baba siku zote, mimi niko kwa kinyozi nahesabu karatasi za watu.

Baba akanikazia macho. "Nani alisema mvuto wa kwanza hutoka tupu?"

"Mimi, Baba."

"Nani amevuta?"

"Mimi."

Akaichukua ile pasi mezani, akampa Wekesa mkononi. Kwa kweli hakumwomba radhi, lakini alimpa kwa mikono miwili, na kwao hilo si dogo. Nilikwenda kuchukua ufagio.

Wiki iliyofuata nilimkuta Rakibu uwanjani. "Siku ile niliyougua, ulitia risasi ngapi?"

"Ina matundu mangapi?" akaniuliza.

"Matano."

"Basi." Akaniangalia kama mtu aliyemuuliza kama maji yamelowa. Yeye ni askari, silaha huijaza. Tundu la mjinga hakuwahi kuambiwa, maana kila mara mimi ndiye niliyekuwa najaza. Desturi niliyoitunga ilikuwa inaishi katika kichwa changu na cha Baba tu, na tuliitegemea kama vile imeandikwa kwenye chuma.

Nilibaki katika kazi ile mpaka karibu na mwisho wa miaka ya elfu mbili na kumi. Baba hakunifukuza. Debe nililimwaga bustanini kwa mkono wangu. Tundu la mjinga nililifuta siku ile ile: silaha ama imejaa, ama iko wazi mbele ya macho, hakuna katikati. Ikinijia mkononi, kwanza naifungua, kisha naingiza ncha ya kidole katika kila tundu, matano yote, hata kama nimeiweka mwenyewe dakika hiyo. Ndiyo yale yale aliyonifundisha Mkuu wa Ghala, na ndiyo yale yale niliyoyafanya siku ya kwanza majlisini kabla sijajiona mjuzi. Mtu husahau kwa ujinga, na mtu husahau kwa sifa pia. Mimi nilisahau kwa sifa.

Sasa niko Handeni, nina mbuzi na nyumba ya bati niliyoijenga kwa jasho la kule. Vijana wanakuja kuniuliza kazi za ulinzi. Wanataka niwaambie jinsi ya kulenga. Nawaambia kulenga utafundishwa na yeyote kwa nusu siku. Shuku silaha. Lakini kuna kushuku kwingine, kwa kumtazama mtu na kumkata kwa jicho kwa sababu ametoka mbali na wewe, kwa sababu alirudi peke yake. Sijaacha kushuku, nitawadanganya nikisema nimeacha. Zuhura alisema ukweli, hata chumvi nainusa. Ila kitu kikipotea siku hizi, wa kwanza kupekuliwa ni mimi.

Jambo moja nimeliacha mwisho makusudi, kwa kuwa ni zito kwangu.

Tangu siku ile ya mlio, Wekesa hakuniamkia tena. Hakunitukana, hakuninyima lifti. Alishusha kioo kila asubuhi kama zamani akasema, "Niaje, mzae." Basi. Miaka. Nami kwa kiburi changu nikawa naitika "Salama," najifanya sioni kilichoondoka. Nilikuwa mkubwa, na nilifikiri mkubwa haombi radhi kwa mdogo, hungoja yapoe. Hayakupoa.

Siku ninayoondoka moja kwa moja, yeye ndiye aliyenipeleka uwanja wa ndege. Njia nzima redio tu. Akashusha mabegi yangu mawili, akayapanga kwenye kitoroli. Kisha akasimama mbele yangu, akavuta mifuko yake ya suruali nje, yote miwili, ikaning'inia kama masikio ya mbuzi.

"Nisachi, mzae. Usiende ukahesabu kwa ndege, upate moja haipo."

Alikuwa anacheka, lakini macho hayakucheka. Watu wanapita na mizigo yao. Nikanyoosha mkono, nikamrudishia mfuko mmoja ndani, kisha wa pili, nikaubonyeza ukakaa sawa, kama ninavyomfanyia mwanangu siku ya Idi.

"Wekesa," nikasema, "nilikukosea. Niliingiza mkono hata katika unga wako. Nisamehe."

"Unga?" Akaruka nyuma. "Ule wa sima? Nikaula wiki mbili! Mzee, aki wewe!"

Akacheka sasa kwa tumbo, akashika kichwa, akazunguka gari zima, akarudi. Akafungua mlango wa dereva, akaingia, akawasha. Nikageuka kusukuma kitoroli changu, najua yamekwisha kama yalivyokwisha.

Nyuma yangu nikasikia kioo kinashuka.

"Shikamoo, Mzee Mbwana."